Mtoto wa Nne wa Évariste Katembo

Kila mwezi wa sita Yemima alivalishwa gauni jeupe na kusimamishwa mbele ya kanisa. Mara ya kwanza alikuwa na wiki tatu tu, mikononi mwa baba yake, shingo haijakaza. Baadaye akasimama kwa miguu yake, na gauni likawa linashonwa upya kila alipolizidi kimo. Baba yake, Évariste Katembo, muuza chumvi na maharagwe wa soko kuu la Kisangani na shemasi wa kanisa lile lile, alimshika bega, akakohoa kidogo, akaanza ushuhuda ambao waumini walikuwa wameshaujua kwa moyo.

"Mungu alinipa batoto batatu," alisema. "Katika vita ya siku sita, Warwanda na Waganda wakipigana hapa mujini, akawachukua wote, siku moja, saa moja. Mimi sikumutukana. Nilinyamaza sawa Ayubu. Na sawa Ayubu, akanirudishia. Huyu hapa. Yemima."

Waumini wakaitikia amina. Wote waliijua habari ya Ayubu: mtu mwenye haki, aliyefiwa na wanawe wote bila kosa lake, kisha Mungu akamjalia wengine, na wa kwanza wa mabinti wale wapya akaitwa Yemima. Katembo hakuishia hapo. Aliwakumbusha kwamba mabinti wa Ayubu waliwashinda wanawake wote wa nchi kwa uzuri, na kwamba baba yao aliwapa urithi pamoja na ndugu zao wa kiume. "Na huyu nitamupa parcelle yangu, kiwanja na nyumba," alisema, "ingawa desturi yetu inakataa." Aliposema neno la uzuri, akina mama wa safu ya mbele walimtazama yule mtoto usoni, wakayaona meno yaliyopandana na pua iliyolala, kisha wakainamisha macho kwenye vitabu vyao vya nyimbo. Yemima alijua wanachokitafuta kabla hajajua kusoma.

Mama yake, Wivine Kaswera, alikaa safu ya tatu karibu na ukuta. Hakuitikia amina hata siku moja.

Ugomvi wao juu ya jina lile ulikuwa wa zamani. Katembo na mkewe walikuwa Wanande, watu wa Butembo waliofuata biashara hadi Kisangani, na kwa Wanande jina la mtoto hutoka kwa zamu ya kuzaliwa. Msichana wa kwanza huitwa Masika. Anayekuja nyuma yake hupata jina la nafasi yake, na waliokufa hawaondolewi katika hesabu. Mfu hubaki na zamu yake. Lakini Katembo alipompeleka mtoto kuandikishwa, mwaka wa elfu mbili na moja, mwaka mmoja baada ya vita, alimwambia karani, "Andika Masika Yemima."

"Masika alishakuwa," alisema mke wake kutoka kwenye benchi. Uzazi ulikuwa bado haujamrudishia nguvu za kusimama.

"Andika," Katembo alimwambia karani.

Tangu siku ile Wivine hakumwita mtoto wake Masika wala Yemima. Alimwita Wa Nne. "Wa Nne, lete maji." "Wa Nne, funga kuku." Watoto wa jirani walidhani ni jina la mapenzi, wakaliiga, na Yemima mwenyewe alilipenda hadi alipofika miaka kumi na mmoja.

Mwaka huo mwalimu wao wa dini, maître Landry, aliamua kila mtoto ajue maana ya jina lake la ubatizo. Alipomfikia Yemima alisema ni jina la Kiebrania, la zamani sana, na wataalamu wengi wanakubaliana kwamba maana yake ni njiwa. Wengine husema ni mchana, jua likiwa limewaka. Yemima alifurahi. Hakuwahi kufikiri kwamba ndani ya jina lake mna kitu kingine mbali na kanisa na gauni jeupe. Akanyoosha mkono.

"Maître, na mabinti wa kwanza wa Ayubu, wale waliokufa, waliitwa nani?"

Landry akafungua kitabu cha Ayubu, akasoma mwanzo, akaruka hadi mwisho, akarudi mwanzo.

"Hawakuandikwa," alisema. "Wale wa pili tu ndio wenye majina."

Yemima alipofika nyumbani alimkuta mama yake akitwanga makemba, ndizi za kupika, ili kufanya lituma, nyuma ya jiko. Hapo nyuma palikuwa na sakafu ya sementi, mita tatu kwa mbili, yenye paa la bati, ambapo baba yake aliweka magunia ya chumvi. Mvua ilipopenya bati, chumvi iliyeyuka na kuacha madoa meupe juu ya sementi, na kila asubuhi Wivine aliyasugua kwa ufagio na maji hata pale ambapo hapakuwa na doa. Yemima alimsimulia habari za njiwa. Kisha akauliza wale watatu waliitwa nani, maana papa yake kanisani husema batatu tu.

Wivine aliweka mchi chini. Akamshika mkono, akampeleka hadi ukingo wa ile sementi, akamwonyesha kwa kidole, kutoka kushoto.

"Masika Fortunée, miaka kenda. Élie, miaka sita. Benie, miaka tatu. Siku zile makaburini hakukufikika, kila mutu alizika katika parcelle yake. Papa yako alimwaga sementi mwaka uliozaliwa wewe. Alisema macho yake yanachoka kuona udongo."

Yemima aliuondoa mguu wake juu ya sementi.

"Na ile swali yako ya kila siku, kama unafanana na nani, usiulize tena," mama yake alisema. "Wewe hukuzaliwa. Wewe ni malipo yao."

Akarudi kwenye kinu. Siku hiyo walikula lituma kama kawaida, na Katembo alimuuliza binti yake kwa nini halii leo kama jana kwamba samaki ni mdogo.

Hivyo ndivyo Yemima alivyokua, baba akimwonyesha kwa watu na mama akimhesabu. Baba hakuwahi kumpiga. Alimnunulia viatu, alimlipia shule hadi diploma ya taifa, na aliposikia watu wamemcheka kwa sura yake aliwajibu kwa Maandiko, jambo lililozidisha kicheko. Hakumuuliza hata mara moja kama anataka kusimama pale mbele. Mama naye hakumnyima chakula wala dawa. Alipougua malaria ya kichwa akiwa na miaka kumi na minne, Wivine alikaa kando ya kitanda siku nne bila kulala, akimpoza kwa kitambaa. Homa ilipovunjika alikikamua kile kitambaa, akamwambia, "Umebaki," akatoka kwenda kusugua sementi.

Akiwa na miaka ishirini na mmoja Yemima alipata kazi katika komine, ofisi ya manispaa, meza ya vizazi na vifo. Ilikuwa kazi ya wale wanaoitwa wapya, wasio na mshahara hadi Kinshasa iwakumbuke, na Kinshasa ilikuwa bado haijamkumbuka. Aliishi kwa zile pesa ndogo za nauli ambazo watu huacha mezani. Lakini aliipenda. Mkuu wake, mama Françoise, mwanamke mnene mwenye miwani iliyofungwa kwa uzi, alisema hajaona mwandiko kama ule tangu aanze kazi. Wazazi walimpenda kwa kuwa aliuliza majina mara mbili kabla ya kuandika. Wakileta jina la Maandiko na hawajui maana yake, aliwaambia.

Kisha, mwaka wa elfu mbili ishirini na tatu, Katembo alianguka dukani, kati ya mizani na magunia. Alipoinuliwa, upande wake wa kuume ulikuwa umekufa na ulimi umefungwa. Alielewa kila kitu. Hakuweza kusema chochote. Yemima ndiye aliyemwogesha, akamlisha uji kwa kijiko, akamgeuza asubuhi na jioni asioze mgongo. Wivine alipika uji ule na kuufikisha mlangoni, hapo akasimama.

Mwezi wa sita uliofuata pasta alikuja kumwona mgonjwa. Alisema ushuhuda wa ile vita usife kwa sababu ya ulimi wa mtu mmoja. Yemima autoe mwenyewe, mbele ya baba yake, Jumapili. Katembo alilia kwa jicho moja na kuinua mkono wa kushoto kukubali.

Jumamosi mchana Yemima alikuwa uani akipiga pasi gauni. Mama yake alikaa mkabala naye akichambua pondu, majani ya muhogo.

"Utasema nini kesho?" Wivine aliuliza.

"Nitasema kama papa anavyosema."

"Kwamba yeye ni Ayubu."

"Ndiyo, mama."

Wivine aliendelea kuchuma majani, moja moja. Aliposema, sauti yake ilikuwa ya mtu anayeeleza njia ya kwenda sokoni.

"Vita ilianza siku ya kwanza, Lundi. Siku ya pili, Mardi, Abdulhamid, bwana ya Khadija jirani yetu, alikuja na pirogue, mtumbwi wake. Akasema leteni batoto, nafasi iko, nawavusha ngambo ya mto. Papa yako akakataa. Akasema tukitoka watavunja nyumba, chumvi yote itaenda. Siku ya tatu, Mercredi, bombi zikawa karibu sana. Akasema bon, tuhamishe chumvi kwanza, kwa rafiki yake mwenye nyumba ya matofali. Mimi nikasema nibaki na batoto. Akasema kila safari gunia iko mbili, mutu moja hawezi, donc tutaenda wote. Akafunga mlango kwa inje. Ufunguo akaweka kwa mfuko. Ili wasitoke, na mwizi asiingie."

Aliokota jani lililoanguka.

"Tulikwenda mara ya kwanza, tukarudi, walikuwa wanaimba ndani. Tukachukua zingine. Mara ya pili ndiyo tulikuta. Mlango ulikuwa bado umesimama, mwanangu. Ukuta ndio haukuwa. Papa yako alifungua na ufunguo."

Yemima aliinua pasi. Gauni lilikuwa limeungua kifuani, alama ya kahawia yenye ncha. Katika miaka ishirini na mitatu hakuwahi kusikia mama yake akimwita mwanangu, na hakujua kama alimaanisha yeye au alikuwa akizungumza na mwingine.

"Kwa nini hukusema?"

"Nilikuwa nimebeba gunia," Wivine alisema. "Mimi pia."

Jumapili Katembo alipelekwa kanisani juu ya kiti cha plastiki kilichobebwa na mashemasi wawili, akawekwa mbele kabisa. Yemima alivaa kitenge. Pasta alimkabidhi kipaza sauti, naye akasimama pale aliposimama maisha yake yote, bega lake likiwa halina mkono juu yake.

Alisema majina matatu na miaka yao. Ilikuwa mara ya kwanza majina yale kusikika mle ndani, na baadhi ya wazee wakanong'ona, kwa kuwa walikuwa wameyasahau. Kisha akasimulia habari za pirogue, za magunia, za mlango na ufunguo. Hakupandisha sauti. Alisema, "Ayubu hakuwafungia watoto wake. Papa aliwafungia. Mimi si zawadi ya mtu mwenye haki. Naomba mtu asinisimamishe hapa tena."

Katembo alikuwa akimtazama. Mkono wake wa kushoto ulipapasa goti, ukapapasa mfuko wa suruali, ukarudi gotini.

Pasta alichukua kipaza sauti taratibu, kama mtu anayemnyang'anya mtoto kisu. Alisema roho ya mashtaka imeingia nyumbani kwa Bwana, lakini yeye hatahukumu kwa kinywa kimoja. Akamgeukia mwanamke wa safu ya tatu.

"Mama Kaswera, wewe ulikuwapo. Ni kweli?"

Yemima aligeuka pia. Alikuwa na hakika kabisa. Baadaye alisema hakika ile ndiyo iliyomuuma kuliko mengine yote.

Wivine alisimama, akashika mgongo wa benchi.

"Ni uongo," alisema. "Tulikuwa wote ndani. Sisi Mungu alituacha, wao akawachukua. Bwana yangu ni mutu wa haki. Huyu mutoto hakuwa amezaliwa, atajua nini?"

Akakaa. Na kutoka mahali alipokaa, aliitikia amina ya pasta.

Walikutana nyumbani, jikoni.

"Mama, ulinieleza wewe mwenyewe. Jana."

"Nilikueleza wewe. Sikukupa uende nao kanisani."

"Ni kaka na dada zangu."

"Ni batoto bangu." Wivine alivuta beseni la pondu. "Papa yako aliwafanya ushuhuda miaka ishirini na tatu. Leo na wewe umewafanya wako. Umesimama ukawataja mmoja mmoja ili batu wakuonee huruma. Nani alikupa majina yao uyatumie? Ni mimi. Ni kosa langu."

Akamwaga maji ya pondu, akamwambia atoke jikoni.

Katembo alikufa siku kumi na tisa baadaye, saa tatu asubuhi, Yemima akiwa amemshika kidevu ili ameze uji. Alikufa akimwangalia, kulikuwa na jambo machoni mwake, huenda msamaha wa kuombwa au wa kutolewa, au kiu tu. Yemima hakulijua. Kanisani wakasema aibu ndiyo iliyomuua. Mdogo wa marehemu, ami yake Yemima, tonton Clovis, aliteremka kutoka Butembo na begi moja na shati lililopigwa pasi, akasikiliza upande wa kanisa, akasikiliza upande wa mjane, kisha akamwambia Yemima achukue nguo zake. Hakumfokea. Alimwita mama, kwa heshima, na kumwonyesha njia.

Khadija, mjane wa yule Abdulhamid, alimpa chumba. Alikuwa mwanamke wa Kindu, mcheshi zamani. "Mimi nimeona kila kitu siku ile," alimwambia, "lakini nikienda kusema kanisani kwenu watasema Mwislamu ametumwa. Kula, mwanangu." Siku ya mazishi Yemima alisimama barabarani kati ya toleka, baiskeli za abiria, zilizoegeshwa na kuisikia sauti ya pasta ikitoka kwenye spika. Hapana aliyemfukuza. Hapana aliyemkaribisha pia.

Wiki ya tatu baada ya mazishi, asubuhi ya Alhamisi, Clovis na Wivine waliingia ofisini kwake. Walisimama mstari kama watu wengine. Walipofika mezani Clovis alieleza, bila kumtazama sana, kwamba familia inaomba hati ya jamaa wa marehemu, ili mambo ya parcelle yatengenezwe.

Yemima alichukua karatasi.

"Jina la marehemu?"

Clovis akalitaja.

"Mjane?"

"Kaswera Wivine, huyu hapa."

"Watoto?"

Clovis alimwachia shemeji yake neno. Wivine alikuwa amevaa nyeusi, na mikono yake, iliyopasuka kwa chumvi na maji ya miaka mingi, ilikuwa juu ya meza, karibu na kalamu.

"Watatu," alisema. "Wote walikufa."

Nyuma yao mama Françoise alikuwa amesikia. Alivua miwani. Akaja hadi kwenye kiti cha Yemima, akainama sikioni mwake, ingawa aliongea wazi.

"Masika Yemima, rejista ya elfu mbili na moja iko pale juu, rafu ya pili. Wewe uko ndani. Nikiiteremsha, hii hati haitoki. Niiteremshe?"

Hatua tatu tu. Yemima aliitazama ile rafu. Alijua sheria, alikuwa ameieleza kwa wajane na mabinti wengi mbele ya meza ile ile, na baadhi yao walishinda. Alijua kwamba parcelle ingekuwa yake. Nyumba ingekuwa yake, na uani, na ile sementi nyuma ya jiko. Na mama yake angebaki humo akiisugua, naye angeamka kila asubuhi kusikia ufagio.

"Hapana, mama Françoise," alisema. "Acha tu." Akamgeukia mama yake. "Majina?"

Wivine aliyataja kwa mpangilio. Masika Fortunée. Élie. Benie. Yemima aliuliza kila moja mara mbili, kama alivyofanya kwa watu wote, akaandika kwa mwandiko wake mzuri, pamoja na siku ya kuzaliwa ya kila mmoja na siku moja ya kufa kwa wote. Baada ya jina la tatu alisubiri, kalamu ikiwa imesimama juu ya mstari mtupu. Hakusubiri kwa matumaini makubwa, lakini alisubiri.

"Ni hao," Clovis alisema.

Yemima alipiga mstari chini ya jina la Benie. Wivine aliweka dole gumba. Chini kabisa ya hati, pale penye nafasi ya karani, Yemima aliandika kwa ukamilifu, Masika Katembo Yemima, akapiga muhuri, akawapa. Clovis alisoma hadi chini, akakunja karatasi haraka, akashukuru. Wivine alikuwa ameshageuka.

Parcelle iliuzwa kabla mvua kubwa hazijaanza. Clovis alimchukua shemeji yake akaishi naye Butembo, na habari zao hufika kwa nadra, kupitia wafanyabiashara wa maharagwe: kwamba Wivine ni mzima, kwamba anakula, kwamba haongei sana. Yemima bado yuko katika meza yake na chumba chake kwa Khadija. Katika kanisa lile hakurudi, na lingine hajatafuta. Asubuhi waliyoondoka, pikipiki yao ilipita mbele ya ofisi, mama yake akiwa amekaa katikati, begi mapajani, uso umeelekea mbele. Yemima aliwaona kupitia dirisha. Mezani pake alikuwa amesimama baba wa mapacha kutoka Yanonge, mwenye haraka ya kuwahi pirogue ya kurudi, na alikuwa anarudia jina la mtoto wa pili.

"Rudia tena, papa," Yemima alimwambia. "Polepole."